Nyumba Iliyoanza na Paa

Kuna siku moja, mjukuu wangu, ambayo haijanitoka kichwani mpaka leo, na nimeona nikusimulie kabla hujapanda treni ya kesho. Ni siku niliyosimama mbele ya waashi wenzangu hapa Kamina, kambi ya reli, mwiko mkononi, nikatangaza kwa sauti kubwa kwamba nyumba ya yule Mzungu mzee itaanguka. Nyumba yenyewe ilikuwa bado haina hata ukuta mmoja. Nilikuwa kijana, nilikuwa na viatu vya Jumapili na baiskeli inayong'aa, na nilidhani ujenzi wote wa dunia hii naujua.

Jumapili ulipokuja kuniaga, ulisema ukifika Lubumbashi kusomea ujenzi utajiandikisha Kasongo peke yake. Jina la baba yako, Mendel, ulilobeba nyuma ya lako, utaliacha hapa stesheni. Eti wenzako wanakucheka, Muluba gani huyu anaitwa Mendel. Bibi yako alinikanyaga mguu chini ya meza, maana anazijua hasira zangu, nami nikamalizia chai yangu. Leo nimetulia. Vuta kigoda ukae, nikuambie jina hilo lilitoka wapi, halafu utaamua mwenyewe.

Wakati ule baba yako alikuwa hajazaliwa. Nilikuwa kapita wa waashi, yaani mkubwa wao kazini. Ufundi nilifundishwa na bruda mmoja wa misioni, mtu mkali aliyetugonga vidole tukipanga tofali kombo. Alitufundisha jambo moja asubuhi na jioni: msingi, halafu ukuta, halafu paa. Ukuta ndio nyumba. Nilipotoka kwake nilijiona mtu mpya. Tuliotoka vijijini kuja kambini tulikuwa hivyo sote. Tulijenga kwa tofali, tulilala ndani ya tofali, na mtu akitukumbusha nyumba za nguzo na udongo tulimozaliwa tulibadilisha mazungumzo.

Sasa sikia shida yetu. Miaka ile Base, kambi kubwa ya jeshi, ilikuwa inajengwa, na watu walimiminika Kamina kutoka kila upande. Watoto walijaa kambini, na shule ilikuwa moja tu, ile ya padri. Shangazi yako Ngoie, mzaliwa wangu wa kwanza, alikwenda siku ya kwanza na kibao chake kipya cha kuandikia, amepakwa mafuta mpaka anameremeta. Jua halijapanda, nikamwona anarudi.

"Tata," akaniambia, "mwalimu anasema mu klase mumejaa."

Hakulia. Afadhali angelia, ningempigapiga mgongo yakaisha. Alikaa mlangoni na kibao chake magotini, akawatazama wenzake waliopata nafasi wakipita barabarani. Iliniuma sana, mwanangu, na hata sasa ninapokuambia inaniuma.

Padri wa kambi alihangaika huku na huku, na mwishoni wakubwa wa reli wakampa kiwanja cha shule mpya. Kiwanja gani! Kilikuwa kipande kirefu, chembamba, kimebanwa kati ya njia za treni na barabara. Tena walimpa kwa sharti. Nyumba iwe na paa kabla mvua hazijashika sawasawa, ama sivyo wakichukue wajenge ghala. Padri hakuwa na pesa za msanifu wa majengo. Ndipo yule Mzungu mzee, ambaye kazi yake ilikuwa hiyo, aliposema atachora bure.

Tulimwita Bwana Kreyo, kwa sababu ya kreyo, yaani kalamu ya risasi, iliyokaa nyuma ya sikio lake kutoka asubuhi mpaka jioni. Alikuwa mfupi, amekonda, koti linamzidi mabega. Aliishi chumba cha nyuma kwenye duka la vitambaa la binamu yake, pale karibu na soko, duka lililofungwa kila Jumamosi wakati maduka mengine yamefurika watu. Walikuwa Wayahudi. Mimi Wayahudi niliwajua kwa katekisimu tu, na katekista wetu hakuwasema vizuri, kwa hiyo mwanzoni nilimtazama kwa jicho la pembeni. Wazungu wengine nao walimsalimu kwa kidevu, wakipita.

Alikipima kile kiwanja, akatuita.

"Hapa chini iko kidogo," akasema kwa Kiswahili chake cha kuokoteza. "Tunaenda juu. Klase chini, klase katikati, klase juu."

Nikamwambia ghorofa mbili juu ya ile ya chini zinataka kuta nene, na kuta nene zitakula madarasa yote ya chini. Akafurahi kweli kweli, kama mtu aliyeulizwa swali alilolisubiri. Akanivuta mpaka nyuma ya karakana, kwenye rundo la reli kuukuu, zile zilizochakaa zikang'olewa njiani. Akazigonga kwa ufunguo wa nyumba yake.

"Hii njo mifupa," akasema. "Mifupa inabeba. Ukuta haibebe kintu. Ukuta iko nguo tu."

Mafundi chuma wa karakana walimwelewa haraka, maana chuma ni kazi yao. Walizikata reli, wakazifunga kwa bolti kubwa, zikasimama wima, nyingine zikalala juu yake, kisha nyingine tena juu. Ikawa kitu kirefu kuliko majengo yote ya kambi, na ndani yake unaona mbingu. Watu wa treni walitoa vichwa madirishani kushangaa.

Basi ikafika zamu yetu waashi. Bwana Kreyo akasema tupande, tumwage sakafu za juu, tuezeke mabati, halafu ndipo tushuke kujenga kuta, hata mvua ikinyesha tutakuwa chini ya paa. Paa kwanza, ukuta baadaye! Nilimtazama nikidhani amekosea neno. Hakukosea. Ndiyo siku ile ninayokuambia.

"Bwana," nikasema, na nilihakikisha wenzangu wananisikia, "minyi niko masson. Masson anaanzaka na ukuta. Kuweka paa juu ya upepo, ile haiko kazi ya bantu ba akili. Hii nyumba itaanguka, na sitapandisha bantu bangu bakufe."

Waashi wote wakaweka miiko chini. Wengine walicheka. Bwana Kreyo hakunigombeza. Alieleza tena, akachora mchangani kwa fimbo, akajaribu Kifaransa, halafu akaketi juu ya tofali. Padri alikuja akatusihi, tukakataa. Kazi ikasimama, na kila jioni mawingu yalikusanyika upande wa Kabongo. Ngoie alipita pale kila siku kuniletea chakula, na kila siku aliuliza swali lilelile: klase yake ni ile ya chini au ile ya juu?

Katikati ya mambo hayo baba yangu akaniita kijijini. Alikuwa anajenga upya nyumba yake, na Jumapili baada ya sala watu wangekusanyika kupandisha paa. Mtoto wa kiume hakosi siku kama hiyo. Bwana Kreyo aliposikia akasema atanipeleka kwa kamioneti, ile gari ndogo ya mizigo ya binamu yake. Nilijua anataka tuwe wawili tu njiani anibembeleze, na nilijiandaa kukaza shingo.

Lakini hakunibembeleza. Alinisimulia maisha yake. Alizaliwa nchi ya baridi ambako watu wa kabila lake waliwindwa, mama yake akamvusha bahari mpaka Amerika, bado kijana. Kule akafanya kazi mchana na kusoma jioni, mpaka akapata meza katika ofisi ya msanifu mkubwa wa majengo. Mji alioishi ulikuwa ndiyo kwanza unajaribu kujenga juu sana, na kila mtu alinenepesha kuta. Yeye akachora nyumba ya mifupa ya chuma, ndefu mno, kuta zake nyepesi, madirisha mapana. Walimcheka kwanza. Kisha mkubwa wake akaichukua ile michoro, nyumba ikajengwa, watu wakaja kutoka mbali kuitazama. Mlangoni likachongwa jina la mkubwa.

"Na jina yako?" nikamuuliza.

"Baliniambia hakuna muntu atalipa nyumba ya kuchorwa na Muyahudi."

"Juu ya nini haukusema?"

"Nilisema, Ilunga. Hakuna mwenye alisikia."

Baadaye mama yake aliyekuwa amerudi kwao akaugua, naye akarudi kumuuguza. Akaoa huko, akazaa. Halafu vita. Alipofika hapo akaruka, akasema tu kwamba vita vilipokwisha binamu yake alimwita huku. Nikamwambia pole, bwana, na shingo niliyoikaza nikaona haikazi vizuri tena.

Tulipofika, nguzo za nyumba ya baba zilikuwa zimekwisha kusimama, zimechimbiwa chini, zimefungwa kwa fito na kamba za magome, na katikati ni wazi, kuku wanapita. Paa lilikuwa limesukwa chini kwenye uwanja, kubwa, nyasi bado hazijawekwa. Wewe hukuyaona hayo, siku hizi mnanunua mabati. Wakati ule paa lilisukwa chini, na siku ya kulipandisha kijiji kizima kiliitwa, kwa sababu mtu mmoja hawezi, wala ukoo mmoja.

Wanaume tulilizunguka. Mzee mmoja akaanzisha wimbo, wanawake wakaupokea, na kwenye neno fulani la wimbo sote tukainua. Paa likapanda mabegani, kisha kichwani, tukatembea nalo polepole huku kila mtu akimkaripia mwenzake, tukalikalisha juu ya nguzo. Vijana wakarukia juu kufunga. Walisimama kule, wakakanyaga, wakacheza ngoma, kwa maana ndivyo tulivyojaribu nyumba. Udongo ulikuwa bado haujaguswa. Udongo ni kazi ya siku nyingine, ya wanawake na watoto.

Nikageuka kumtafuta Bwana Kreyo. Alikuwa ameingia ndani ya nyumba isiyo na kuta. Anapita katikati ya nguzo, anatoka, anaingia tena, anazigonga kwa ufunguo kama alivyogonga zile reli, na anacheka peke yake. Halafu kile kicheko kikageuka. Akashika nguzo kwa mikono miwili, akalia waziwazi mbele ya watu wote. Wimbo ukakatika. Mama yangu akamkimbilia na maji kwenye kibuyu.

"Muulize nani amekufa," baba akaniambia.

Nikamuuliza. Akajipangusa kwa mkono wa koti.

"Ambia baba yako," akasema, "hii nyumba yake njo ile nyumba yangu. Mifupa mbele, paa juu, nguo nyuma. Balinicheka kule, bananicheka hapa. Nilizania iko minyi peke yangu mu dunia."

Nilimgeuzia baba maneno hayo kwa Kiluba, na kadiri nilivyokuwa nikiyageuza, ndivyo sauti yangu ilivyopungua. Nilikuwa nimezaliwa ndani ya nyumba ya namna ile. Nimekata fito zake nikiwa mdogo, nimecheza juu ya mapaa yake. Na kwa siku zote nilizotazama zile reli zimesimama bila kuta, sikuona kitu ninachokijua, kwa sababu nilikuwa nimejikataza kukijua.

Baba yangu hakuwa mtu wa makelele. Aliniuliza kwa Kiluba, polepole.

"Na weye, ulisema nini juu ya nyumba yake?"

"Nilisema itaanguka, Tata."

"Weye ulizaliwa mu nyumba ya namna gani, Ilunga?"

"Mu nyumba yako, Tata."

"Ilikuangukia?"

"Hapana, Tata."

"Basi huyu muzee anajenga sawa baba yako, na weye unamucheka mbele ya bantu." Akasogea karibu, akashusha sauti ili wengine wasisikie, na hilo ndilo lililonichoma zaidi. "Haukusahau. Unaona haya. Unaona haya ya nguzo zangu. Njo kusema unaona haya ya minyi."

Mwanangu, nimegombezwa na mabwana wengi katika maisha yangu, wengine kwa matusi, na maneno yao yote yamenitoka. Hayo ya baba ninayo. Nilipiga magoti, nikapiga makofi kama tunavyoomba radhi kwetu. Aliniinua. Kisha akachukua pemba, ule udongo mweupe wa baraka, akampaka Bwana Kreyo mikononi na kwenye paji la uso, kama anavyopakwa fundi siku nyumba yake inaposimama. Mzee akasimama wima amepakwa, anatabasamu, na njia nzima ya kurudi Kamina hakujipangusa.

Kesho yake asubuhi niliwakusanya waashi chini ya zile reli. Nilikuwa na haya, lakini afadhali haya ya kusema kuliko ile nyingine.

"Mukalay," nikamwuliza wa kwanza, "kwenu ku muji, nyumba inaanzaka na nini?"

Mukalay akatazama pembeni. "Zamani? Na nguzo."

"Halafu?"

"Halafu paa."

"Weye Tshibangu, kule Kasai?"

"Ee kapita, juu ya nini unatuuliza bintu bya bushenzi?"

"Jibu."

"Nguzo. Paa. Halafu udongo."

Nikamwuliza Kahozi wa upande wa Manono. Akaanza kucheka kabla hajajibu. Alinyoosha kidole juu, kwenye zile reli zilizolala juu ya reli, akasema, "Lakini ile, ile ni nyumba ya nkambo, ya babu yangu!" Basi tukacheka sote, watu wazima, mpaka mafundi wa karakana wakatoka kuuliza kuna nini. Tulikuwa tumetoka pande nne za nchi, na kila mmoja alikuwa ameficha kitu kilekile, akidhani wenzake watamcheka.

Siku hiyo hiyo nilipanda mimi wa kwanza. Nilifika juu kabisa, nikakanyaga, nikacheza hatua mbili tatu za ngoma ya kijijini, na chuma hakikutikisika. Bwana Kreyo alikuwa chini amefunika macho kwa kofia. Wenzangu wakapanda. Tulimwaga sakafu tukikimbizana na mawingu, na mabati ya paa hatukuyapandisha peke yetu. Jumapili kambi nzima ilikuja, wake kwa waume, wakayapitisha kutoka mkono hadi mkono wakiimba, kila watu kwa lugha yao, wimbo wa Waluba ukigongana na wa Walunda. Mvua ya kwanza kubwa ilishuka sisi tuko ndani, tunapanga tofali za kuta, tumekauka. Nilinyoosha mkono nje nikakinga maji, nikacheka kama mwendawazimu.

Kwetu tonge la kwanza la udongo hutiwa na mtoto wa nyumba. Kwa hiyo tofali ya kwanza ya ukuta niliiweka mikononi mwa Ngoie. Aliikalisha kombo. Nilimkumbuka bruda wangu na fimbo yake, nikaiacha vilevile, na mpaka leo ukipita pale utaiona, upande wa barabara, karibu na ngazi. Mwezi ule shangazi yako aliingia darasani, ghorofa ya kati, dirisha linalotazama treni.

Siku ya kuifungua rasmi walikuja wakubwa. Kulikuwa na kibao cha shaba ukutani, kimefunikwa kitambaa. Kitambaa kilipovutwa nikasoma majina yote, la mkubwa huyu na la mkubwa yule. La Bwana Kreyo halikuwepo. Yeye mwenyewe alikuwa nyuma kabisa, na akina mama wa kambi. Nikamfuata, damu inanichemka.

"Bwana, hii inakuwa mara ya mbili."

"Ee. Ya mbili." Alitazama madirisha, watoto walikuwa wamejaza vichwa vyao humo. "Inaniuma, Ilunga. Sitakudanganya. Lakini ile ya kwanza sikuona bantu bakiimba."

Jibu hilo halikunitosha. Mvua hazijaisha, bibi yako akajifungua mtoto wa kiume, yaani baba yako. Nikaona njia. Nikavaa viatu, nikaenda dukani, nikamkuta kati ya majora ya vitambaa.

"Bale bakubwa hawakuandika jina yako ku ukuta," nikamwambia. "Minyi nitaliandika ku mutoto wangu. Niambie ile jina baba yako alikupatia."

Akatikisa kichwa taratibu. "Kwetu hatupatie mutoto jina ya muntu mwenye angali muzima. Ni sawa kumuambia: toka, tumechoka na weye."

Nilijisikia vibaya, nikadhani ananikataa. Akaona. Akaniketisha, na hapo ndipo aliposema lile alilolinyamazia njiani. Alikuwa na mtoto mmoja, mvulana aliyeanza kujifunza kuchora mezani pa baba yake. Vita vilimchukua yule mtoto pamoja na mama yake. Mahali walipolala hakupajua, kaburi hakuna. Mvulana aliitwa Mendel.

"Kwetu pia," nikamwambia polepole, "mutoto anapataka jina ya mwenye alienda. Na bantu ba ule mwenye alienda banakujaka kumusalimia, sababu anarudia mu ule mutoto."

Alinitazama, mwanangu, na sitaki kujaribu kukueleza macho yale. Jioni ile alikuja nyumbani na kipande cha kitambaa cheupe. Bibi yako, aliyekuwa bado kitandani, hakuambiwa la kufanya, alijua. Alimkabidhi mtoto mikononi, akasema, "Tata, mutoto wako njo huyu. Amerudia." Padri alimbatiza Yosefu, maana alitaka jina la mtakatifu, lakini nyumbani na barabarani akawa Mendel. Kila Jumapili mzee alikuja kumtazama mwanawe, akamfundisha kushika kalamu kabla hajajua kushika kijiko vizuri. Hakuna mtu kambini aliyeshangaa. Kwetu hilo ni jambo la kawaida.

Mzee alikuja kufa kule Lubumbashi unakokwenda, alikohamia na binamu yake. Walituletea habari, nikampeleka baba yako kwa treni, bado na kaptula ya shule. Watu wa kabila lake waliuliza nani atamtupia udongo wa kwanza, kwao ni kazi ya mtoto. Baba yako akatoka mbele bila kusukumwa, akatupa. Hakuna aliyemzuia.

Haya, umesikia. Sasa sikia nasaha yangu, ni fupi, maana chai imepoa na bibi yako anatuangalia. Usione haya ya kitu kilichokulea. Watakufundisha mengi mazuri huko chuoni, yachukue yote, lakini siku utakapoona jambo geni likasimama mbele yako bila kuta, usikimbilie kusema litaanguka. Jiulize kwanza kama hulijui kweli, au umejikataza kulijua. Na kila nyumba utakayoingia, uliza nani aliichora na nani aliibeba. Ukijua majina yao yataje, hata kama kibao hakiyataji, na mtu akikunyima lako, sema. Akikosa kukusikia, sema tena kwa mwingine.

Jina la kwanza ulilonalo, Kasongo, ni la baba yangu, yule wa nguzo. Hukuwahi kuniuliza lilitoka wapi, kwa kuwa halichekwi. La pili ni la mtoto ambaye hapa duniani hana kaburi wala kibao, ana wewe na baba yako tu. Yakiitwa pamoja mlangoni pa chuo, baba yangu, na mtoto wa mzee aliyejenga kama yeye bila kujuana vizuri lugha, watakuwa wameingia darasani pamoja nawe. Nilisema utaamua mwenyewe, na sirudi nyuma. Ila ukifika, kabla hujatafuta chumba, nenda makaburini kwao ukaweke jiwe dogo juu ya kaburi la mzee. Ndivyo wanavyofanya. Mwambie Ilunga anamsalimu, na ile tofali ya Ngoie bado iko kombo.

Inama sasa. Mama Ngoie, mke wangu, nipe hiyo pemba. Mikono kwanza, kwa sababu ndiyo itakayofanya kazi. Na hapa kwenye paji. Mungu wa babu zangu na Mungu wa yule mzee, ambaye nadhani ni mmoja, akutangulie njiani. Mvua ikukute umekwisha kuezeka. Utakachosimamisha kisimame, na watoto wajae madirishani mwake. Nenda salama, Kasongo Mendel, mwanangu.